Fidia Ikiwa Ndogo: Mwongozo wa Kukata Rufaa Baada ya Ajali Nchini Kenya

Mtu aliyeumia katika ajali ya barabarani nchini Kenya, akashtaki, akashinda, kisha akapewa fidia asiyoridhika nayo, ana haki ya kwenda Mahakama Kuu kuomba kiasi hicho kitazamwe upya. Hilo wengi wanalijua. Wasilolijua ni kwamba Mahakama Kuu haiongezi fidia kwa sababu tu mdai anaiona ndogo. Huiongeza pale inapoonyeshwa kwamba hakimu alikosea, na kosa lenyewe lisomeke katika hukumu yake au katika ushahidi uliokuwa mbele yake. Rufaa nyingi huanguka hapo hapo. Mwenye rufaa huenda kueleza maumivu yake kwa mara ya pili, ilhali jaji anasubiri kuonyeshwa kosa.

Nitazungumzia hasa kesi za ajali zilizoamuliwa na mahakama za mahakimu, kwa kuwa ndizo zinazowakuta abiria wa matatu, watembea kwa miguu, na wahudumu wa bodaboda na wateja wao. Aliyeumia kazini ana njia yake, nami nitaigusa kabla sijamaliza.

Siku 30

Kifungu cha 79G cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai kinakupa siku 30 kuwasilisha rufaa Mahakama Kuu. Siku hizo zinahesabiwa tangu hukumu itolewe. Hazisubiri siku wakili atakayokupigia simu, wala siku utakayopata nakala iliyochapwa. Kama hukumu ilisomwa wewe hukuwapo, jambo ambalo hutokea mara kwa mara siku hizi hukumu zinaposomwa kwa njia ya mtandao au kutumwa kwa barua pepe, saa inakwenda vilevile. Wala usijitegemeze kwenye likizo ya Desemba. Muda huu umewekwa na sheria yenyewe, na kubishania kama siku za likizo zinahesabika ni mzigo usiouhitaji.

Kosa linalowaponza watu zaidi ni kungoja mwenendo wa kesi uchapwe ndipo wakate rufaa. Mwenendo huo, yaani maandishi ya yote yaliyosemwa na mashahidi, unaweza kuchukua miezi. Huhitaji kuwa nao ili kuanza. Kinachoanzisha rufaa ni memoranda ya rufaa, hati fupi yenye sababu zako zilizopangwa kwa namba, na unaweza kuiwasilisha ukiwa na hukumu peke yake mkononi. Dikrii, yaani amri rasmi inayotokana na hukumu, na mwenendo wa kesi vitafuata. Siku hiyo hiyo ya hukumu, au kesho yake, andika barua masjala ya mahakama ya hakimu ukiomba nakala ya hukumu, dikrii na mwenendo wa kesi zilizothibitishwa, ulipe amana ya uchapaji, na uhifadhi nakala ya barua yenye muhuri wa kupokelewa. Barua hiyo ina kazi baadaye. Sheria inaruhusu siku ambazo mahakama yenyewe ilizitumia kuandaa dikrii zitolewe katika hesabu ya siku 30, lakini mahakama sharti ithibitishe hivyo kwa cheti, na cheti hakipatikani kwa mtu asiye na ushahidi kwamba aliomba mapema.

Na ukiwa umeshachelewa? Kifungu hicho hicho kinamruhusu jaji kuipokea rufaa nje ya muda ukimpa sababu nzuri na ya kutosha. Utatoa maombi pamoja na hati ya kiapo, na jaji atatazama urefu wa kuchelewa, sababu yake, kama rufaa ina mashiko, na kama upande wa pili utaumia. Cheti cha hospitali kinachoonyesha ulilazwa kinasaidia. Barua ulizoandika masjala zisijibiwe zinasaidia. Kusema hukujua sheria hakusaidii. Na kumtupia lawama wakili wako bila kuonyesha wewe mwenyewe ulifuatilia nini, mara nyingi ni kazi bure, kwa sababu majaji wamekuwa wakisisitiza kwamba kesi ni ya mwenyewe. Chelewa chelewa utapata mwana si wako, na rufaa nzuri zimekufa kwa wiki mbili za uzembe.

Kosa ni lipi?

Kanuni inayotawala rufaa za kiasi cha fidia ni ya zamani. Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki iliieleza mwaka 1961 katika kesi iliyotoka Tanganyika, na majaji wa Kenya wameirudia hadi leo, hasa kupitia kesi mbili utakazozikuta karibu katika kila hukumu ya namna hii: Butt dhidi ya Khan, na Kemfro Africa Limited dhidi ya Lubia. Kwa maneno ya kawaida inasema hivi: kukadiria fidia ni hiari ya mahakama iliyosikiliza mashahidi. Mahakama ya juu haitaigusa hiari hiyo kwa sababu tu yenyewe ingetoa kiasi tofauti. Itaingilia ikiwa hakimu alizingatia jambo lisilohusika, au aliacha jambo linalohusika, au aliuelewa ushahidi visivyo, au alifuata kanuni isiyo sahihi, au ikiwa kiasi ni kidogo mno au kikubwa mno hata kinaonyesha chenyewe kwamba makadirio yalikwenda kombo.

Isome kanuni hiyo kisha kaa na hukumu yako na kalamu.

Chukua mfano wa mama aliyekuwa abiria wa bodaboda, akavunjika mifupa yote miwili ya mguu wa kulia chini ya goti. Hati yake ya madai imeorodhesha mvunjiko huo, jeraha la kichwa lililoshonwa, na michubuko. Ripoti ya daktari wake inasema mguu ulitiwa chuma, chuma kitatolewa kwa upasuaji mwingine, na ulemavu wa kudumu ni asilimia 15. Daktari aliyeteuliwa na kampuni ya bima amemwona pia, akaandika kwamba mfupa umeunga vizuri na ulemavu ni asilimia 5. Fomu ya P3 na karatasi za kutoka hospitalini zimo kwenye faili kama vielelezo. Hakimu ameandika kurasa tisa. Kurasa saba zinahusu nani alimgonga nani. Fidia imepewa aya mbili, na ndani ya aya hizo imeandikwa kwamba mdai alivunjika mguu na "ameshapona", kwamba hakimu amezingatia kesi alizotajiwa, na kwamba KSh 350,000 zinatosha.

Hapo hakuna kosa moja, kuna makosa manne. Upasuaji wa kutoa chuma haukutajwa. Jeraha la kichwa halikutajwa. Kati ya asilimia 15 na asilimia 5, hakimu hakusema amekubali ipi wala kwa nini. Ana uhuru wa kumwamini daktari mmoja kuliko mwingine, lakini uhuru huo haumruhusu kunyamaza. Na kesi alizosema amezizingatia hazikutajwa ni zipi, zilihusu majeraha gani, wala zilikuwa za mwaka gani. Mama huyu akienda Mahakama Kuu kusema 350,000 ni kidogo, atakuwa na neno moja la kusema. Akienda na hayo manne, kila moja likiwa na namba ya ukurasa, ana rufaa.

Fanya vivyo hivyo kwa fidia yako. Weka hati ya madai, ripoti ya daktari na hukumu meza moja. Pitia jeraha kwa jeraha, ukiweka alama kwa kila lililothibitishwa na kusahauliwa. Kisha pitia aina za fidia, kwa maana ni nyingi na hakimu mwenye mafaili mengi huweza kuruka moja: fidia ya jumla ya maumivu, mateso na kupungukiwa na raha za maisha, fidia mahsusi, yaani pesa ulizokwisha kutumia, gharama za matibabu yajayo, mapato uliyopoteza ukiwa kitandani, na kupungua kwa uwezo wako wa kujitafutia riziki miaka inayokuja. Hizi mbili za mwisho huchanganywa mara kwa mara. Mshahara uliokosa kwa miezi minane huthibitishwa kwa karatasi kama gharama nyingine yoyote. Uwezo uliopungua ni sehemu ya fidia ya jumla, na fundi wa magari ambaye mkono wake haufungi tena sawasawa anaweza kuipata fidia hiyo hata kama hakuwa na hati ya mshahara, mradi aliiomba na kuitolea ushahidi.

Kuhusu fidia mahsusi sheria ni kali, na hapa nisikupe matumaini ya bure. Tangu kesi ya Hahn dhidi ya Singh ya mwaka 1985, mahakama za Kenya hazijatetereka: kila shilingi sharti iwe imetajwa katika hati ya madai na kuthibitishwa. Kama hati yako iliomba KSh 84,000 na risiti zako zinafika 130,000, utapata 84,000. Kama iliomba 130,000 na risiti ni za 84,000, utapata 84,000 vilevile. Gharama za matibabu yajayo nazo sharti ziwe zimeombwa. Rufaa haiwezi kukupa kitu ambacho hukukiomba mwanzo. Lakini ikiwa uliomba, ukatoa risiti, na hakimu akazisahau au akajumlisha vibaya, hilo ni kosa la wazi.

Na kosa la wazi la hesabu au la uandishi halihitaji hata rufaa. Kifungu cha 99 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai kinamruhusu hakimu mwenyewe kulirekebisha, na utaratibu wa mapitio chini ya Amri ya 45 ya kanuni za sheria hiyo upo kwa makosa yanayoonekana usoni pa rekodi. Ni njia nyepesi na ya bei nafuu kuliko rufaa. Angalia tu usizichanganye: huwezi kuomba mapitio ya hukumu ambayo umeshaikatia rufaa.

Kuna milango iliyofungwa kabisa. Kama mlikubaliana na upande wa pili, kwa mfano mkaandikisha mahakamani kwamba lawama zigawanywe 80 kwa 20, kifungu cha 67 cha sheria hiyo hakiruhusu rufaa dhidi ya makubaliano hayo. Na kama ulisaini hati ya bima inayosema umepokea malipo kamili na ya mwisho, umejifungia mwenyewe. Kampuni ikitaka kukulipa kiasi cha hukumu wakati unataka kukata rufaa, ipokee, lakini wakili wako aandike kwanza kwamba malipo hayo ni sehemu tu na rufaa inaendelea. Usisaini karatasi yoyote siku ya kuchukua hundi kabla hujaisoma yote.

Hesabu kabla ya hasira

Tuseme hakimu alikupa fidia ya jumla KSh 800,000 na fidia mahsusi KSh 95,000, jumla 895,000, kisha akasema wewe ulichangia ajali kwa asilimia 20. Unabaki na 716,000. Ukikata rufaa ukitaka fidia ya jumla ifike 900,000, na ukashinda, utaongeza KSh 80,000 tu. Na hutashinda, kwa sababu tofauti kati ya 800,000 na 900,000 haifiki popote karibu na kiwango cha kupita kiasi ambacho jaji anatafuta. Lakini kama hakimu alikukata asilimia 20 kwa kosa lisilo na ushahidi, kwa mfano alisema ulivuka barabara vibaya na hakuna shahidi hata mmoja aliyesema hivyo, kuondoa lawama hiyo kunakupa KSh 179,000 bila kugusa fidia yenyewe. Wengi hutazama kiasi cha mwisho wakadhani tatizo ni fidia, kumbe limo kwenye mgawanyo wa lawama.

Weka upande wa pili wa mizani ada ya mahakama, uchapaji wa mwenendo wa kesi, nakala za rekodi, ada ya wakili, na muda. Ukishindwa, kwa kawaida utalipa gharama za aliyeshinda. Kumbuka pia kwamba rufaa yako inaweza kumwamsha aliyelala: mdaiwa aliyekuwa tayari kulipa anaweza kuleta rufaa-mtambuka akitaka kiasi kipunguzwe, na jaji ana uwezo wa kukishusha kama alivyo na uwezo wa kukipandisha.

Kisha kuna mpaka wa bima. Sheria ya bima ya magari kwa watu wa tatu, Sura ya 405, inaikinga kampuni ya bima isilazimike kulipa zaidi ya KSh milioni 3 kwa mtu mmoja. Ikiwa umeshapewa milioni 2.9 na unatafuta milioni 4, ile milioni ya juu utamdai mwenye gari. Kama ni kampuni kubwa ya mabasi, sawa. Kama ni mtu mwenye matatu moja aliyoinunua kwa mkopo, waulize wanaomjua ana nini kabla hujatumia miaka miwili mahakamani.

Ushauri wangu, na huu ni maoni, ni kwamba rufaa ya kiasi peke yake ina maana pale unapoweza kuonyesha kesi zinazofanana na yako zilizopata angalau mara moja na nusu ya ulichopewa, au pale aina nzima ya fidia uliyoiomba na kuithibitisha iliposahauliwa. Chini ya hapo, fikiria mara mbili.

Kile jaji anachosoma

Rufaa ya kwanza si kesi mpya. Mashahidi hawarudi, na hutavua shati kuonyesha kovu. Jaji anapima upya ushahidi wote kwa kusoma, kama ilivyoelezwa mwaka 1968 katika kesi ya Selle dhidi ya Associated Motor Boat, akikumbuka kwamba yeye hakuwaona mashahidi wala kuwasikia. Kwa hiyo kila kitu kinategemea kile kitabu kinachoitwa rekodi ya rufaa: memoranda, hati za madai na utetezi, mwenendo wa kesi, vielelezo vyote, hukumu na dikrii.

Ikague rekodi hiyo wewe mwenyewe kabla haijawasilishwa, hata kama una wakili. Ripoti ya daktari yenye kurasa tatu isiwe na kurasa mbili. Risiti zilizofifia zisomeke. Picha ya eksirei iliyotolewa kama kielelezo iwe na maelezo yake. Ikiwa dikrii imekosekana, rufaa nzima inaweza kutupwa, na hilo limewatokea watu waliokuwa na hoja nzuri. Ushahidi mpya, kama ripoti ya daktari uliyoipata baada ya hukumu, hauingii kwa urahisi. Jaji anaweza kuuruhusu kama hakimu aliukataa isivyo halali, au kama yeye mwenyewe anauona wa lazima ili aamue. Aliyeacha kuleta ripoti ya mtaalamu wa mifupa kwa sababu ilikuwa ghali hataruhusiwa kuileta kwa sababu sasa amepata pesa.

Hati za Mahakama Kuu huandikwa kwa Kiingereza. Mwambie wakili akusomee kila sababu ya rufaa kwa Kiswahili, na umuulize sababu hiyo inatoka ukurasa gani wa hukumu. Kama hawezi kukuonyesha ukurasa, sababu hiyo ni ya kujaza karatasi. Memoranda nzuri ya rufaa ya fidia ina sababu tatu au nne: kwamba hakimu aliacha jeraha fulani lililothibitishwa, kwamba hakutoa fidia ya aina fulani iliyoombwa, kwamba kiasi kiko chini mno ya kesi zinazofanana. Kanuni zenyewe zinataka sababu ziwe fupi, bila hoja wala masimulizi.

Baada ya kuwasilisha, usilale. Kuna hatua ya maelekezo ambapo jaji anahakikisha rekodi imekamilika na upande wa pili umepata nakala. Rufaa isiyosukumwa inaweza kufutwa kwa kutoendelezwa. Ingia katika mfumo wa mtandao wa mahakama, au mtume kijana wako aangalie namba ya kesi kila mwezi.

Kesi za kulinganisha ndizo zenye uzito mkubwa kuliko yote, na hapa hata mtu asiye wakili anaweza kusaidia sana. Mahakama ya Rufaa imesema mara nyingi kwamba majeraha yanayofanana yapate fidia zinazokaribiana. Tovuti ya Kenya Law, inayosimamiwa na Baraza la Kitaifa la Kuripoti Sheria, inaweka hukumu hizo wazi bila malipo. Tafuta jeraha lako. Usikusanye ishirini, tatu au nne zilizochaguliwa vizuri zinatosha. Zitoke Mahakama Kuu au Mahakama ya Rufaa, kwa sababu hukumu ya hakimu mwingine haimfungi jaji. Ziwe za miaka ya karibuni, na kama moja ni ya miaka kumi iliyopita, sema wazi kwamba thamani ya shilingi imeshuka tangu wakati huo. Mfupa uwe ule ule, na asilimia ya ulemavu ikaribiane. Aliyevunjika paja na kubaki na mguu mfupi kwa sentimita tatu hafanani na aliyevunjika kifundo akapona, hata kama hukumu zote mbili zinasema amevunjika mguu. Tena soma hadi mwisho: kiasi unachokiona kinaweza kuwa ni baada ya kukatwa lawama, au kimeunganishwa na fidia mahsusi. Wakili wa upande wa pili ataligundua hilo kama wewe hukuliona.

Katika hoja za maandishi, taja kiasi unachotaka. "Kiongezwe ipasavyo" haimsaidii jaji. Sema milioni moja na laki mbili, na uonyeshe umefikaje. Omba pia wazi kwamba riba ya kiasi kitakachoongezwa ihesabiwe tangu tarehe ya hukumu ya hakimu.

Rufaa ikitoka upande wa bima

Mara nyingi mambo huwa kinyume. Umepewa fidia nzuri, na kabla hujashusha pumzi mdaiwa, nyuma yake kampuni ya bima, amekata rufaa akidai ni kubwa mno. Jambo la kwanza kulijua ni kwamba rufaa peke yake haisimamishi malipo. Sharti waombe zuio la utekelezaji wa hukumu, na chini ya Amri ya 42 kanuni ya 6 waonyeshe mambo matatu: kwamba wataumia sana bila zuio, kwamba hawakuchelewa, na kwamba wako tayari kuweka dhamana.

Hoja yao itakuwa ile ile: huyu ni maskini, tukimlipa na tukashinda rufaa hatarudisha. Inauma kuisoma, hasa ikiwa umaskini wenyewe umetokana na ajali. Ijibu kwa karatasi. Hati ya kiapo yenye hati ya mshahara, kitabu cha benki, leseni ya biashara au nakala ya hatimiliki ya shamba inaonyesha kwamba unaweza kurudisha. Mara nyingi jaji huamuru nusu ya fidia ulipwe na nusu iwekwe katika akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote, yenye kuleta riba. Hata ukikosa ushahidi wa mali, omba utaratibu huo, na ueleze nusu hiyo utaifanyia nini: upasuaji, kiungo bandia, deni la hospitali. Usiporudisha jibu, zuio linaweza kutolewa kwa dhamana ya benki tupu, nawe ukakaa mwaka na zaidi bila shilingi.

Ikiwa nawe hukuridhika, huu ndio wakati wa rufaa-mtambuka. Kama umeridhika, kazi yako ni kuonyesha kwamba kiasi kimo ndani ya wigo wa kesi zinazofanana. Ile kanuni ya Butt dhidi ya Khan iliyo ngumu kwako ukiwa mrufani, inakulinda ukiwa mjibu rufaa.

Njia nyingine, na mwisho wa njia

Kama kesi yako iliamuliwa na Mahakama ya Madai Madogo, ambayo kikomo chake ni KSh milioni 1, rufaa yako Mahakama Kuu ni kwa hoja za sheria peke yake, na uamuzi wa jaji ni wa mwisho. Huko kulalamika kwamba kiasi ni kidogo hakutoshi kabisa. Sharti uonyeshe kanuni ya sheria iliyovunjwa, kama vile kutupilia mbali ushahidi wote wa daktari bila sababu. Na kwa kesi zilizoanzia kwa hakimu, rufaa ya pili kwenda Mahakama ya Rufaa nayo hubanwa kwenye hoja za sheria. Kwa mdai wa kawaida, nafasi halisi ya kupigania kiasi ni moja, mbele ya jaji wa Mahakama Kuu.

Aliyeumia kazini anafuata Sheria ya Manufaa ya Majeraha ya Kazini ya mwaka 2007. Fidia yake hukadiriwa na Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini. Usiporidhika una siku 60 za kupeleka pingamizi kwa Mkurugenzi mwenyewe, na akishajibu una siku 30 za kwenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Mabishano huko huwa juu ya asilimia. Ulemavu wa kudumu hukokotolewa kwa mapato ya miezi 96: mwenye mshahara wa KSh 30,000 akipewa asilimia 10 anapata 288,000, akipewa asilimia 20 anapata 576,000. Kwa hiyo weka pesa yako kwenye ripoti nzuri ya daktari bingwa kabla ya kuiweka kwa wakili.

Kuhusu mawakili, neno moja. Sheria ya Mawakili ya Kenya haitambui mapatano ya kulipwa pale tu kesi itakaposhinda, wala ya ada inayopanda na kushuka kufuatana na ushindi. Anayekuambia atachukua theluthi moja ya fidia yako anakuambia jambo lisilo na nguvu kisheria. Ada hufuata kanuni zilizowekwa, na una haki ya kudai maelezo yake kwa maandishi, pamoja na hesabu ya kila shilingi iliyopokelewa kwa niaba yako. Asiye na uwezo anaweza kuomba msaada kwa Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2016, au kuomba mahakama imruhusu kukata rufaa kama maskini bila kulipa ada. Unaweza pia kujisimamia mwenyewe, na wapo waliofanya hivyo wakashinda kwa sababu walijua faili lao kuliko mtu mwingine yeyote.

Ikiwa hukumu yako imesomwa wiki hii, andika leo tarehe ya siku ya 30 mahali utakapoiona kila asubuhi. Kesho nenda masjala na barua ya kuomba hukumu, dikrii na mwenendo wa kesi, na usitoke bila nakala yenye muhuri.